Taa ya gari linaloteleza: pima sensa ya usukani kabla hujanunua spea

Najua wengi mlikuwa mnasubiri mwendelezo wa vitunguu, lakini ndani ya wiki mbili vijana watatu wameniuliza swali lile lile kuhusu magari yao, na mimi mwenyewe lilinikuta kabla yao. Vitunguu vitasubiri siku chache. Leo tukae kwenye usukani.

Msimu wa mvua uliopita nilikuwa nateremka Kitonga, natoka Ilula kwenda Ruaha Mbuyuni. Nyuma nilikuwa na trei za miche na pampu ndogo ya maji ya kikundi, pembeni yangu amekaa kijana mmoja wa kikundi hicho. Manyunyu yalikuwa yanadondoka, lami imelowa. Kona ya kwanza nikaikata vizuri. Ya pili, nikiwa katikati, tairi moja la mbele likakamata breki lenyewe. Mguu wangu haukuwa kwenye breki, naomba mnielewe hapo. Gari likavuta upande, chini kukasikika krrr krrr, na kwenye dashibodi ile taa ya manjano yenye picha ya gari na alama za kuteleza ikawa inapepesa. Nyuma yetu kuna lori lenye mzigo. Nilishika usukani kwa nguvu, breki ikaachia baada ya muda ambao labda haukufika hata sekunde moja, nikashuka taratibu mpaka nilipopata pa kuegesha. Yule kijana hakusema neno mpaka tulipofika bondeni.

Ukweli ni kwamba gari lilishanionya. Kwa siku nne taa hiyo ilikuwa inawaka na kuzima yenyewe. Ikizima, nasema imepona. Sisi maafisa ugani tunawagombeza sana wakulima wanaosubiri mpaka shamba zima liwe la njano, kumbe na sisi ni wale wale.

Fundi wa kwanza niliyempelekea aliangalia dashibodi, hakufungua kitu, akasema pampu ya ABS imekufa. Bei aliyonitajia ingetosha mbolea ya ekari mbili. Nilikaribia kulipa. Kilichonizuia ni kitu kimoja tu: nilimuuliza amejuaje, akanijibu, "Bosi, haya magari yote ugonjwa wake ndio huo." Sasa huyo ni sawa na mtu anayeona jani la njano anakuuzia urea. Njano inaweza kuwa upungufu wa naitrojeni, inaweza kuwa maji yametuama, inaweza kuwa minyoo fundo kwenye mizizi. Bila kung'oa mche ukaangalia mizizi, unabahatisha kwa hela ya mwenzako.

Sensa hii inafanya nini

Magari mengi yaliyotumika yanayotoka Japani siku hizi yana mfumo wa kulizuia gari lisiteleze. Toyota wanauita VSC, wengine ESP au ESC, kazi ni moja. Mfumo huu uliingia sokoni mwaka 1995 kwenye Mercedes-Benz za bei kubwa. Miaka miwili baadaye, huko Sweden, waandishi wa habari za magari walikuwa wanaijaribu A-Class, gari dogo la kampuni hiyo hiyo, kwa zoezi la kukwepa ghafla kitu kilichokatiza barabara, na gari likapinduka. Kampuni ikaamua kuuweka mfumo huo kwenye A-Class zote, na toka hapo ukaanza kushuka mpaka kwenye magari ya watu wa kawaida kama mimi na wewe. Kwa sisi, kitu cha kukwepa ghafla ni mbuzi au bodaboda, lakini hesabu ni ile ile.

Kompyuta ya breki inajiuliza maswali mawili kila wakati. La kwanza: dereva anataka kwenda wapi? Jibu linatoka kwenye sensa ya pembe ya usukani, iliyokaa nyuma ya usukani wenyewe. La pili: gari linakwenda wapi kweli? Hilo linajibiwa na sensa za mwendo wa kila tairi na nyingine inayohisi gari likizunguka, ambayo mara nyingi imefungwa katikati ya gari chini ya koni ya gia. Majibu yakitofautiana, kompyuta inafunga breki ya tairi moja kulirudisha gari kwenye njia yako.

Tatizo linaanza sensa ya usukani inaposema uongo. Wewe umekata kona kidogo, yenyewe inasema umekata sana. Kompyuta inaona gari "halifuati" usukani, inakusaidia kwa kufunga breki, kwa nia njema kabisa, katikati ya kona ya Kitonga. Na hapa pana jambo wengi hawalijui: taa ikiwaka ikabaki imewaka, kwa kawaida mfumo umeshajizima, unabaki na breki za kawaida bila msaidizi. Gari la aina hiyo unaliendesha kwa adabu mpaka gereji. Wakati mbaya zaidi ni ule ambao taa inakuja na kuondoka, maana kompyuta bado inaiamini sensa mbovu.

Ndani ya sensa za kisasa nyingi kuna giya mbili ndogo zenye idadi tofauti ya meno, zinazungushwa na giya kubwa iliyovikwa kwenye mhimili wa usukani. Kila giya ndogo ina sumaku yake. Usukani unazunguka karibu mara tatu kutoka mwisho mmoja hadi mwingine, kwa hiyo giya moja pekee isingejua uko mzunguko wa ngapi. Tofauti ya meno ya zile mbili ndiyo inayotoa jibu. Nyingine zinatumia mwanga unaopita kwenye sahani yenye matundu. Zote ni plastiki nyepesi. Hazipendi nguvu.

Hujui kama gari lako linayo? Washa swichi bila kuwasha injini, tazama dashibodi. Taa ya gari linaloteleza ikitokea sekunde chache kisha ikazima, mfumo upo. Kama taa hiyo haitokei kabisa, ama gari halina, kama zilivyo Kirikuu na pikapu nyingi za zamani, ama kuna mjanja aliichomoa kabla hajakuuzia. Kwa hiyo siku ya kununua gari, angalia hilo.

Kupima

Kabla ya mashine, anza na vya bure. Pima betri: ikiwa imepumzika inatakiwa iwe kwenye volti 12.6 hivi, injini ikinguruma iende 13.5 mpaka 14.5. Betri dhaifu inaleta taa za ajabu ajabu, na nimeona mtu amebadilisha sensa wakati ugonjwa ulikuwa betri. Angalia na matairi. Ukifunga tairi la saizi nyingine upande mmoja, kwa sababu ndilo ulilopata siku hiyo, mwendo wa matairi hautalingana na kompyuta itachanganyikiwa.

Baada ya hapo, mashine. Mwulize fundi mapema kama mashine yake inaingia kwenye ABS na VSC. Vile vidude vidogo vya bei poa vinavyounganishwa na simu, vingi vinasoma injini tu. Vitakuambia gari ni zima wakati taa inawaka mbele ya macho yako. Mashine inayofaa itatoa kodi, na sizungumzii kodi ya TRA. Kwenye Toyota, C1231 inalenga saketi ya sensa ya usukani. C1290 inasema sifuri ya sensa haijakaa sawa. U0126, ambayo utaikuta kwenye magari ya kampuni nyingi, maana yake kompyuta haipati mawasiliano na sensa.

Sasa msikilize hapa, maana ndipo hela inapookolewa. Kodi haisemi "nunua sensa". Inasema mahali pa kuanza kuangalia. Mwambie fundi afungue ukurasa wa namba zinazotembea, atafute pembe ya usukani, halafu wewe kaa kwenye kiti na uzungushe polepole. Usukani ukiwa umenyooka namba iwe sifuri au karibu yake. Ukizungusha robo, iende 90. Nusu, 180. Mzunguko mzima, 360. Upande mmoja namba ni chanya, wa pili ni hasi. Izunguke yote mpaka mwisho, urudi, uende upande mwingine. Namba inatakiwa ipande na kushuka kama maji kwenye ndoo, bila kuruka.

Ya kwangu ilipanda vizuri mpaka 80 na kitu, ikaruka 140, ikarudi 95, kisha ikaendelea kama vile hakuna kilichotokea. Tukarudia mara tatu, kila mara pale pale. Hiyo ni sensa imekufa, haina mjadala. Na chanzo nilikijua palepale: wiki moja kabla, honi iligoma, nikampa fundi wa mtaani afungue usukani. Aliurudisha kwa kusukuma.

Kijana wa kwanza kati ya wale watatu namba zake zilitembea vizuri kabisa, ila gari likiwa linakwenda mbele limenyooka, mashine ilisoma 14, haibadiliki. Usukani wenyewe ulikuwa umekaa upande. Alibadilisha tairodi akaruka alaimenti ili aokoe hela. Kwenye magari mengi usukani ukizunguka digrii 15 hivi, tairi linageuka kama digrii 1 tu, kwa hiyo kosa dogo kule chini linaonekana kubwa huku juu. Huyu hakuhitaji sensa. Alifanya alaimenti, sifuri ikapangwa upya, akaendelea kupeleka nyanya zake. Namba inayoruka ni sensa. Namba iliyokaa pembeni lakini inatembea vizuri, tafuta chini ya gari kwanza.

Wa pili namba haikutoka kabisa, U0126. Hapo unaangalia fyuzi, kisha soketi ya sensa, kama umeme wa volti 12 unafika na kama waya ya bodi imeshika. Betri ikiwa imechomolewa, fundi anaweza pia kupima kwa mita kati ya tundu namba 6 na namba 14 kwenye soketi ya mashine: kwenye magari mengi inasoma karibu omu 60 kama nyaya za mawasiliano ni nzima. Ya kijana huyu ilikuwa nyingine kabisa. Kwenye zulia la gari tukakuta punje za mahindi na kinyesi cha panya. Gari linalala kando ya ghala, analibebea mahindi, wageni wakahamia chini ya dashibodi wakatafuna waya. Dawa ilikuwa kuunga waya, kusafisha gari na kuhamisha maegesho. Sensa yake bado ni ile ile ya kiwandani.

Wa tatu hajarudi na majibu, na gari lake bado linawaka taa. Kaka, ukisoma hapa, njoo.

Kubadilisha

Kazi yenyewe si kubwa, saa mbili zinatosha, lakini ina hatari moja ambayo sitaki mtu aidharau: eabegi. Kuna baruti mle katikati ya usukani. Nyoosha matairi ya mbele, zima swichi, chomoa waya hasi wa betri, kisha subiri. Toyota wanataka angalau sekunde 90 ili umeme uliobaki kwenye mfumo uishe. Mimi nilikunywa chai kabisa. Ukiona fundi anachomoa betri kwa mkono mmoja na kufungua usukani kwa mwingine, chukua ufunguo wako. Usipime waya za eabegi kwa mita, na ikishatoka iweke mezani uso ukitazama juu. Ukiilaza kifudifudi ikalipuka, itaruka kama kombora.

Kwenye Toyota nyingi eabegi imeshikwa na skrubu za pembeni za kichwa cha nyota, T30. Ikishatoka, utaona nati kubwa ya usukani, soketi ya 19 kwa kawaida. Kabla hujaigusa, weka alama ya rangi kwenye usukani na kwenye mhimili wake, ili urudi kwenye meno yale yale. Ilegeze nati lakini usiitoe yote. Ukivuta usukani kwa nguvu na nati haipo, utakuja wote usoni kwako. Tumia puli. Usigonge na nyundo, maana nguvu hiyo inakwenda moja kwa moja kwenye kile kidude cha plastiki unachotaka kukihudumia.

Nyuma ya usukani kuna sahani ya duara yenye utepe wa waya uliojikunja ndani, mafundi wanaiita kloki springi. Inapitisha umeme wa eabegi na honi huku usukani ukizunguka. Ibandike selotepu isizunguke. Fundi wangu wa honi hakufanya hivyo. Ilizunguka mkononi mwake, alipoirudisha ikawa haiko katikati, na usukani ulipokatwa mpaka mwisho, kishikio cha sensa kikapasuka. Ikishatoka katikati, inazungushwa taratibu mpaka igome upande mmoja, halafu inarudishwa mizunguko michache mpaka alama zilizochorwa juu yake zikutane. Alama zipo, zifuate, usikisie.

Sensa kwenye gari langu ilikuwa nyuma ya sahani hiyo, imeshikwa na vibanio na soketi moja ya waya. Soma namba iliyoandikwa kwenye sensa ya zamani kabla ya kwenda dukani. Za Toyota zinaanza na 89245, na zile herufi na tarakimu zinazofuata nazo zilingane. Sura tu haitoshi. Mimi nilichukua iliyotumika, nikakubaliana na mwenye duka kwamba tuijaribu kwenye mashine kwanza, na hilo ombeni kila mara. Kwa magari ya Ulaya kuweni waangalifu zaidi, mengi hayakubali sensa ya gari jingine mpaka iandikishwe upya kwenye kompyuta.

Wakati wa kurudisha, nati ya usukani ikazwe kwa spana ya kupimia. Kwenye Toyota nyingi ni nyutonimita 50. Soketi za njano za eabegi ziingie mpaka zilie tik.

Wengi wanaishia hapo, wanawasha gari, taa bado ipo, wanarudisha sensa dukani kwamba ni mbovu. Sensa mpya haijui sifuri yako iko wapi. Kwenye magari mengine inajifunza yenyewe ukiendesha umenyooka kwa mwendo wa 35 au zaidi kwa muda mfupi. Mengine yanataka fundi aingie kwenye mashine na kupanga sifuri. Ikifika hapo, gari liwe kwenye ardhi tambarare, usukani umenyooka, mtu asipande wala kufunga mlango kwa kishindo, kwa sababu zile sensa nyingine za ndani nazo zinapangwa wakati huo huo. Gereji ya fundi wangu ina mteremko. Tulilisogeza gari mpaka kituo cha mafuta jirani penye sakafu iliyonyooka, tukaomba dakika tano. Kuna mafundi wanaounganisha matundu mawili ya soketi kwa kipande cha waya kufanya kazi hiyo. Inawezekana kwenye Toyota, lakini ukikosea tundu unaweza kuunguza kitu cha bei kubwa kuliko kukodi mashine.

Kwa wale mnaofikiria trekta zinazojiongoza kwa setilaiti, ujue nazo nyingi zina sensa ya pembe kwenye ekseli ya mbele, na nayo hupangwa sifuri. Ikikosea, mistari ya kupandia inapinda na utalaumu setilaiti.

Tulilijaribu kwanza kwenye uwanja mtupu, kona za kushoto na kulia kwa mwendo mdogo, kisha barabara iliyonyooka, kisha tukasoma kodi tena. Hakuna kitu. Wiki iliyofuata nikashuka Kitonga na yule yule kijana. Alifunga mkanda, akainama akachungulia dashibodi.

"Afisa, ile taa imezima?"

"Imezima."

"Imezima kama ile siku, au imezima kweli?"

Nilimwonyesha sensa ya zamani, ipo mpaka leo kwenye mfuko wa mlango. Aliigeuza geuza, akaona pale palipopasuka, akairudisha. Mkono mmoja aliuacha kwenye kishikio cha juu mpaka tulipomaliza kona ya mwisho.